Kibarua wa barafuni: Fredrik na Johnny Oduya

Wadau, leo nawaletea historia ya kazi moja ambayo kwetu haipo kabisa: kucheza mpira wa magongo juu ya barafu kwa mshahara. Wahusika ni wawili, kaka na mdogo wake. Wamezaliwa Stockholm, Uswidi, baba Mkenya, Mjaluo. Jina lao la ukoo ni Oduya. Jina hilo ukilisikia Kisumu au Shirati wala hugeuzi shingo, lakini limechongwa mara mbili kwenye kombe la fedha linalogombaniwa huko Marekani ya Kaskazini tangu karne ya 19.

Najua mmeshaanza kunitania, eti mtu wa Kaniha na barafu wapi na wapi. Kweli, kwetu Kaniha, kule Biharamulo, barafu ni ile ya kufungwa kwenye kimfuko cha nailoni, unaing'ata kona na kuinyonya mpaka midomo inakufa ganzi. Ila kazi ya kibarua tunaijua. Nenda Nyakanazi pale njia panda, yanapopita malori ya Rusumo, utakuta vijana wa kwetu wamekaa wanasubiri. Leo kushusha magunia, kesho kufyatua tofali, keshokutwa humwoni tena, ameenda Ngara au Kahama kwa sababu amesikia huko kuna kazi. Neno kibarua lenyewe si limetoka kwenye barua? Zamani huko pwani mtu wa kazi ya siku alikuwa anapewa kijikaratasi cha kuonyesha kwamba amefanya kazi, ndicho anachokwenda nacho kulipwa. Kikaratasi kikawa jina la kazi, halafu jina la kazi likawa jina la mtu mwenyewe.

Sasa hawa ndugu wawili maisha yao ya uchezaji yaliendeshwa na vikaratasi mwanzo mwisho. Ndiyo maana nimewapenda.

Kwanza mchezo wenyewe, kwa ufupi, maana wengi tunauonaga kwenye filamu tu. Kila timu ina watu 6 uwanjani pamoja na golikipa. Wanavaa viatu vyenye ulimi wa chuma chini, wanateleza kwa kasi ya bodaboda, na badala ya mpira wanapiga kisahani kigumu cha raba. Mchezo ni dakika 60, vipande vitatu vya dakika 20. Mchezaji hakai uwanjani muda mrefu, chini ya dakika moja anatoka, mwingine anaruka uzio anaingia, kwa sababu mwili hauwezi. Kugongana mabega kunaruhusiwa. Kupigana ngumi hakuruhusiwi, lakini ukipigana hutolewi kabisa kama kwenye soka. Unakaa kwenye kibanda cha adhabu dakika 5 halafu unarudi kuendelea na kazi. Hilo la ngumi lishikeni, nitalirudia.

Ligi kubwa kuliko zote duniani ni NHL, ya Marekani na Kanada, na kombe lake ni la Stanley. Kila timu inacheza mechi zaidi ya 80 kabla hata ya kufika kwenye mtoano. Chini ya NHL kuna ligi za pili na za tatu, za miji ya kati, ambako kila klabu kubwa inafuga vijana wake. Huko ndiko wanakoishi wachezaji wengi. Basi la usiku, hoteli ya bei nafuu, mechi, basi tena. Anayeangalia televisheni hawaoni.

Na namna ya kuingia kazini ni ya ajabu kidogo kwa sisi tuliozoea Simba na Yanga kugombania mchezaji usiku kwa usiku. Kule kila mwaka klabu zinakaa ukumbini na kuchagua vijana kwa zamu, iliyofanya vibaya inatangulia. Kijana akishachaguliwa, haki ya kumsajili katika ligi hiyo ni ya klabu hiyo tu, apende asipende. Lakini kuchaguliwa si kuajiriwa. Ni kama kuona jina lako ubaoni halafu mkopo haujaingia (wenye kusubiri bumu wananielewa). Na ukishaajiriwa, klabu inaweza kukubadilisha na mtu mwingine wa klabu nyingine, asubuhi unapigiwa simu, jioni uko kwenye ndege. Kama mkataba wako hauna kipengele cha kukulinda, huulizwi.

Mwaka 1993 klabu ya San Jose ya California, ambayo wakati huo ilikuwa na umri wa miaka miwili tu, ilimchagua Fredrik Oduya. Alikuwa mtu wa 154 kwenye foleni. Alikuwa beki, mtu wa mwili, aliyekuwa ameshavuka bahari kucheza ligi ya vijana ya Ontario, Kanada, katika timu za Guelph na Ottawa. Hebu fikiri, kijana wa Stockholm mwenye jina la Kijaluo katika mchezo ambao hata leo weusi wanahesabika.

Hapa nirudi nyuma kidogo. Mtu mweusi wa kwanza kucheza NHL ni Willie O'Ree, Mkanada, tarehe 18 Januari 1958, akiwa na Boston. Watu wengi wakimtaja wanaishia hapo, wa kwanza, makofi, basi. Lakini kazi yake ilikuwaje? Alicheza NHL mechi 45 tu, 2 mwaka ule na 43 msimu wa 1960-61. Halafu miaka mingi iliyofuata akahangaika kwenye ligi za chini, Los Angeles, San Diego, mpaka mwishoni mwa miaka ya 1970. Na muda wote huo alikuwa haoni kwa jicho la kulia, kisahani kilimpiga angali kijana, akaificha siri hiyo ili asifukuzwe kazi. Hao ndio ninaowaita vibarua wa barafuni. Wanaweza kazi, na wanaipenda mno, lakini mlango mkubwa unafunguliwa kidogo tu, wanachungulia, unafungwa.

Kwa Fredrik haukufunguliwa hata kidogo. Hakuwahi kucheza mechi moja ya NHL. San Jose ilimpeleka kwenye timu zake za chini, Kansas City Blades na Kentucky Thoroughblades, hiyo ya pili katika mji wa Lexington wanakofuga farasi wa mashindano. Baadaye San Jose ikambadilisha na mchezaji wa Calgary, Eric Landry. Kule Calgary nako, ngazi ya juu hakufika.

Kazi yake uwanjani ilikuwa ile ya ngumi. Katika miaka ile karibu kila timu ilikuwa na mtu wa kazi hiyo, baunsa kwa Kiswahili cha mjini. Mchezaji wenu nyota akigongwa vibaya, baunsa anakwenda kumtafuta aliyemgonga, magongo yanatupwa chini, glavu zinavuliwa, wanashikana jezi na kupigana huku wamesimama juu ya barafu, waamuzi wanasubiri mmoja aanguke. Washabiki wanasimama kushangilia. Mabao ya mtu kama huyo unayahesabu kwa vidole, lakini dakika zake za adhabu ni mamia kwa mamia. Ukisoma takwimu za Fredrik ndivyo zilivyo, safu ya mabao karibu tupu, safu ya adhabu imejaa.

Mimi hapo nilikwama kwa muda. Mwanzoni niliona ni aibu, mtoto wa Kiafrika amekwenda kote huko kupigana. Halafu nikafikiri vizuri. Kwenye foleni ya 154 hutakiwi kuchagua kazi. Unaulizwa unaweza nini ambacho wengine hawataki kufanya. Wale vijana wa Nyakanazi nao hawabebi magunia kwa sababu wanapenda magunia.

Na tusidhani ni kazi ya mzaha. Mwaka 2011 peke yake, kati ya Mei na Agosti, walikufa wachezaji watatu wa NHL waliojulikana kwa ngumi: Derek Boogaard, Rick Rypien na Wade Belak. Boogaard alikuwa na miaka 28 tu. Madaktari walipochunguza ubongo wake wakakuta ugonjwa ule unaotokana na kupigwa kichwani mara kwa mara, ule wanaoukuta kwa mabondia wazee. Tangu hapo watu wengi wameanza kuuliza maswali, na kazi ya baunsa imepungua sana katika ligi ile.

Kuna jambo lingine kuhusu vibarua ambalo wanahistoria wa michezo hawalisemi sana, nalo ni kwamba timu zao zinakufa. Kansas City Blades ilikufa mwaka 2001, ligi yake nzima ilipovunjika. Mwaka huohuo Kentucky Thoroughblades nayo ikahamishiwa Cleveland na kubadilishwa jina. Kwa hiyo ukitaka leo kwenda kuuliza habari za Fredrik pale alipofanya kazi, hakuna ofisi ya kugonga hodi. Nyota wa Boston atakuwa na picha yake ukutani Boston miaka 100. Kibarua ukuta wenyewe umebomolewa.

Sasa tumwangalie mdogo mtu.

Johnny Oduya alizaliwa tarehe 1 Oktoba 1981. Kaka yake alipochaguliwa na San Jose, yeye alikuwa na miaka 11. Akakua, naye akawa beki, naye akavuka bahari, msimu wa 2000-01 akacheza ligi ya vijana ya Quebec, katika timu za Moncton na Victoriaville. Mwaka 2001 klabu ya Washington ikamchagua. Namba yake kwenye foleni ilikuwa 221. Yaani mbaya kuliko ya kaka yake!

Kumbukeni pia nani alikuwa namba 1 mwaka huo: Ilya Kovalchuk, Mrusi, mfungaji hatari, akachukuliwa na Atlanta. Namba 1 na namba 221. Mtawaona wamekutana huko mbele.

Washington haikumsajili. Kikaratasi cha kwanza kikawa kimeota nyasi. Johnny akarudi nyumbani Stockholm, akacheza daraja la pili na Hammarby, akapanda ligi kuu ya Uswidi na Djurgården, halafu Frölunda ya Gothenburg. Miaka mitano nzima. Wengi hapo ndipo hadithi inapoishia, unakuwa mchezaji mzuri wa nyumbani, unaoa, unafungua duka la magongo. Lakini mwaka 2006 New Jersey wakamwita, na msimu ulipoanza Oktoba mwaka huo, akiwa ametimiza miaka 25, akaingia NHL. Hakukaa benchi. Alikuwa beki wa kuteleza vizuri, asiye na makelele, anatoa kisahani nyuma na kuanzisha mashambulizi. Mabao machache, makosa machache. Golikipa wa aina yoyote anampenda beki wa hivyo, lakini watoto hawanunui jezi yake.

Tarehe 4 Februari 2010 ikaja simu. New Jersey walikuwa wanamtaka Kovalchuk kwa udi na uvumba. Atlanta wakasema sawa, lakini tupeni mzigo. Mzigo ukafungwa: Johnny Oduya, vijana wengine wawili, Niclas Bergfors na Patrice Cormier, na juu yake haki ya kuchagua kijana katika raundi ya kwanza. Kwa hiyo namba 1 wa mwaka 2001 akahamia upande mmoja, na namba 221 wa mwaka huohuo akahamia upande wa pili akiwa sehemu ya kifurushi. Magazeti yaliandika jina la Kovalchuk kwa herufi kubwa. Oduya alikuwa kwenye aya ya tatu.

Wiki chache baadaye huyohuyo wa aya ya tatu alikuwa Vancouver akiichezea Uswidi kwenye Olimpiki. Unaweza kuwa mwakilishi wa taifa na wakati huohuo kuwa mzigo wa kubadilishana. Mambo hayo mawili yanakaa pamoja bila shida yoyote, na mimi naona hapo ndipo penye siri ya kazi hii.

Atlanta yenyewe haikudumu. Mei 2011 klabu iliuzwa ikahamishwa yote, na wachezaji ndani yake, mpaka Winnipeg, Kanada, mji ambao Januari unakuwa nyuzi 20 chini ya sifuri na kuendelea. Johnny akahama tena, safari hii bila hata kubadilishwa, ni nyumba iliyohama na yeye yumo. Rypien niliyemtaja pale juu alikuwa ndiyo kwanza amesaini na Winnipeg hiyo Julai. Agosti akafa kabla hajaichezea.

Halafu Novemba 2011, Fredrik akafa kwa ajali ya pikipiki huko Stockholm. Alikuwa na miaka 36. Johnny alikuwa Winnipeg katikati ya msimu.

Sina la kupamba hapo. Natazama tu tarehe. Miezi mitatu baada ya kumpoteza kaka yake, tarehe 27 Februari 2012, Johnny akabadilishwa tena, kutoka Winnipeg kwenda Chicago. Kwa nani? Kwa mtu yeyote. Chicago walitoa zamu mbili za kuchagua vijana mwaka 2013, moja ya raundi ya pili na moja ya raundi ya tatu. Yaani alibadilishwa na nafasi mbili kwenye foleni, watoto ambao bado walikuwa sekondari na hakuna aliyewajua majina.

Chicago ndipo mambo yakageuka. Alipangwa pamoja na Mswidi mwenzake, Niklas Hjalmarsson, wakawa jozi ya pili ya mabeki nyuma ya Duncan Keith na Brent Seabrook. Mwaka 2013 wakafika fainali dhidi ya Boston. Mechi ya kwanza Chicago walikuwa nyuma 3-2 katika kipindi cha tatu, Oduya akapiga kutoka mbali, kisahani kikamgusa kiatuni Andrew Ference wa Boston na kuingia, 3-3. Mechi ikaenda muda wa nyongeza mara tatu, Chicago wakashinda 4-3.

Mechi ya sita, tarehe 24 Juni 2013 huko Boston, ndiyo ya kusimulia. Boston wanaongoza 2-1, imebaki kama dakika moja na robo. Bryan Bickell anasawazisha. Uwanja kimya. Kabla watu hawajapumua, Oduya anapiga tena kutoka mbali, Michael Frolik anakigusa, kisahani kinagonga mwamba, kinarudi, Dave Bolland yupo, bao. Kati ya bao na bao ni sekunde 17. Chicago mabingwa. Aliyefunga ni Bolland na picha zote ni za Bolland, lakini shuti lilitoka kwa Oduya.

Mabingwa kila mmoja anachongwa jina lake kwenye kombe, na kila mmoja anapewa siku moja ya kukaa nalo popote anapotaka. Jina la Oduya likachongwa mwaka huo. Kovalchuk mwaka huohuo aliacha NHL akarudi Urusi. Alifunga mabao zaidi ya 400 katika ligi ile, na Kombe la Stanley hakulipata kamwe.

Februari 2014 Johnny akapata medali ya fedha ya Olimpiki huko Sochi, Uswidi ilipofungwa na Kanada 3-0 fainali. Mwaka 2015 Chicago wakarudi fainali, na hapa nawaomba wanaopenda takwimu wasogee. Beki Michal Rozsival alivunjika kifundo cha mguu kwenye mtoano. Kocha Joel Quenneville hakuwaamini mabeki wa akiba, akaamua kuwategemea wanne tu: Keith, Seabrook, Hjalmarsson, Oduya. Kawaida kazi hiyo inagawanywa kwa watu 6. Hao wanne wakabeba karibu mechi nzima, usiku baada ya usiku, kwa wiki kadhaa. Oduya akaumia kwenye mechi ya tatu ya fainali dhidi ya Tampa Bay, mechi ya nne akarudi. Tarehe 15 Juni 2015 wakashinda 2-0 nyumbani, kombe la pili. Tuzo ya mchezaji bora wa mtoano akapewa Keith, kwa haki kabisa.

Mwezi mmoja baadaye Oduya hakuwa tena mchezaji wa Chicago. Mnashangaa? Ligi ile ina kikomo cha mishahara tangu 2005, baada ya wenye klabu na wachezaji kugombana mpaka msimu mzima wa 2004-05 ukafutwa. Klabu haiwezi kulipa zaidi ya kiasi kilichowekwa. Timu ikishinda, kila mtu anapanda bei, na nyota wakishalipwa hela yao hakuna kinachobaki kwa wa katikati. Brandon Saad akapelekwa Columbus, Patrick Sharp akapelekwa Dallas, na Oduya aliyemaliza mkataba akasaini Dallas pia, miaka miwili kwa dola milioni 7.5.

Najua mtasema kibarua gani huyo wa dola milioni 7.5. Sawa. Kwa hela, Johnny si mtu wa Nyakanazi, tusidanganyane. Nami sisemi alionewa. Ninachosema ni kuhusu namna ya kuishi: kutojua mwezi ujao utalala mji gani, na kujua kwamba sifa uliyoipata jana haikulindi leo. Na kama tunataka kupima hela, tumpime Fredrik, mishahara ya ligi za chini miaka ya 1990 haikuwa ya kujengea ghorofa. Wachezaji wengi wa ngazi ile hupita njia yake. Johnny ndiye wa kipekee, na hata yeye alipita njia hiyohiyo, ila ilimfikisha mbali.

Mwisho wake ulikwenda haraka. Februari 2017 Dallas wakamrudisha Chicago. Julai 2017 akasaini Ottawa mwaka mmoja kwa dola milioni 1, mji uleule aliochezea kaka yake ujanani. Februari 2018 Ottawa wakamweka kwenye orodha ya wanaoachwa, ambapo klabu yoyote inaweza kumwokota bila kutoa kitu. Philadelphia wakamwokota. Aliwachezea mechi moja tu ya ligi. Baada ya msimu huo hakurudi tena NHL. Jumla yake ni zaidi ya mechi 800, ukitoa mtoano. Zaidi ya 800 kwa aliyekuwa wa 221, na 0 kwa aliyekuwa wa 154.

Sasa kuna hili la sisi kudai watoto. Mnakumbuka Novemba 2008 Obama aliposhinda, Kenya walitangaza sikukuu nchi nzima. Divock Origi alipoifungia Liverpool fainali ya Ulaya mwaka 2019, huku kwetu vijiwe vyote vilikuwa na mjomba wake. Lakini nani anamkumbuka baba yake, Mike Okoth, aliyetangulia Ubelgiji na kuhangaika na timu kama Oostende na Genk? Hata hapa Bongo, Sunday Manara alicheza Uholanzi na Heracles miaka ya 1970, wakati kuomba viza tu ilikuwa shughuli, na kuna wadau humu wanamjua kama baba wa Haji Manara tu. Tunampokea aliyefika. Aliyetengeneza njia kwa magoti tunamwachia ndugu zake. Mimi ningeandika historia ya akina Oduya kwa kumtanguliza Fredrik, na ndivyo nilivyofanya, hata kama mabao yake hayatoshi kujaza ukurasa.

Na barafu yenyewe imeshafika Afrika Mashariki, msije mkasema sikuwaambia. Nairobi, Barabara ya Mombasa, hoteli ya Panari ilifungua uwanja wa barafu mwaka 2005. Ni mdogo, haufikii hata kipimo cha mechi za kimataifa. Vijana wa pale wakaunda timu yao, Ice Lions, na kwa miaka hawakuwa na mtu wa kucheza naye maana hakuna timu nyingine. Mwaka 2018 wakapelekwa Kanada na kampuni moja ya huko, wakacheza na timu nyingine kwa mara ya kwanza, na Sidney Crosby na Nathan MacKinnon wakavaa jezi ya Kenya wakacheza upande wao. Mwaka 2024 Kenya ikapokelewa kuwa mwanachama wa shirikisho la dunia la mchezo huo.

Tanzania bado. Anayetaka kumwona Johnny mwenyewe akiwa kazini, siku intaneti ya chuo ikiwa na moyo, atafute mechi ya sita ya fainali ya 2013. Peleka mbele mpaka dakika ya mwisho. Usimwangalie anayefunga, angalia nyuma, yule beki anayepiga halafu anabaki amesimama akiangalia kisahani kinagonga mwamba.